Shajara ya ndugu Goncourt: kifungu kimoja cha wosia na miaka 40 ya kuchelewa

Tarehe 16 Julai 1896 mwandishi Mfaransa Edmond de Goncourt alifariki nyumbani kwa rafiki yake, mwandishi Alphonse Daudet, huko Champrosay, kusini mwa Paris. Aliacha nyumba mtaani Auteuil iliyojaa michoro ya karne ya 18 na vitu vya sanaa vya Kijapani, wosia wa kuanzisha chama cha waandishi kumi, na madaftari ya shajara aliyoianza na mdogo wake Jules karibu miaka 45 nyuma. Kuhusu madaftari hayo agizo lilikuwa fupi: yafungwe miaka 20, kisha yapelekwe Maktaba ya Taifa, na hapo yaweze kusomwa na kuchapishwa. Ukihesabu unafika Julai 1916. Maandishi kamili yalianza kutoka mwaka 1956.

Wengi wakieleza miaka 40 hiyo iliyozidi hutaja vita, kisha hutaja woga wa chama. Vyote viwili vilikuwapo. Lakini vita viliisha 1918, na woga huwa na chanzo chake. Ukiusoma wosia pamoja na juzuu ambazo Edmond mwenyewe alizichapisha kabla ya kufa, unaona kwamba tatizo alilitengeneza yeye kwa mkono wake. Alihesabu miaka kuanzia kifo chake yeye, ilhali hatari ilitegemea vifo vya watu wengine. Na utekelezaji akawaachia watu ambao wao na jamaa zao wamo ndani ya madaftari.

Madaftari yalivyoandikwa

Edmond alizaliwa Nancy mwaka 1822, Jules alizaliwa Paris mwaka 1830. Mama yao alipofariki 1848 aliwaachia kipato cha kutosha kuishi bila kuajiriwa, wakaamua kuwa waandishi, tena waandishi wawili wenye kalamu moja. Riwaya yao ya kwanza ilipangiwa kuingia dukani tarehe 2 Desemba 1851, siku ileile ambayo Louis-Napoléon Bonaparte alipindua serikali. Shajara inaanzia hapo. Asubuhi jamaa yao mmoja, askari wa zamani mwenye pumu na hasira za karibu, anaingia chumbani akitangaza kwamba mambo yameshafanyika. Wanamuuliza mambo gani. Mapinduzi! Na wao papo hapo wanakumbuka kuwa leo ndiyo siku ya kuuzwa kitabu chao. Mwandiko huo wa kwanza unaonyesha tabia ya shajara nzima: tukio la taifa linapita mlangoni, na wenyeji wanapima limewaathiri vipi wao na vitabu vyao.

Kwa jinsi Edmond alivyoeleza baadaye katika dibaji, karibu yote ya miaka ya pamoja yameandikwa kwa mkono wa Jules, huku wote wawili wakitamka. Waliandika usiku wakitoka kwenye chakula au mazungumzo, wakati maneno bado yako masikioni. Lengo lilikuwa kunasa usemi wa mtu jinsi alivyousema, pamoja na sauti, mwili na nguo zake. Hawakuweka kumbukumbu za moyo wao tu kama shajara nyingi za Kifaransa za karne hiyo, walirekodi watu. Kuanzia Novemba 1862 walikuwa miongoni mwa wageni wa kudumu wa karamu za mkahawa wa Magny, mahali walipokaa meza moja na waandishi na wasomi kama Sainte-Beuve, Flaubert, Taine, Renan, Turgenev, na mara nyingine George Sand. Walialikwa pia kwa Binti Mfalme Mathilde, binamu yake Napoleon wa Tatu. Kila aliyekaa karibu nao aliingia daftarini, na wengi hawakuwa na habari.

Hata mtumishi wao. Rose Malingre aliwatumikia tangu wakiwa wadogo, akafa Agosti 1862. Siku chache baada ya mazishi wakagundua alikuwa na maisha ya pili: wapenzi, pombe, madeni, mtoto, na fedha alizowaibia wao wenyewe. Shajara ina mshtuko huo ukiwa bado mbichi, na mwaka 1865 ukawa riwaya, *Germinie Lacerteux*. Anayetaka kujua ndugu hawa walivyogeuza shajara kuwa kiwanda cha riwaya, kurasa za Agosti 1862 ndizo za kuanzia.

Mkono wa Jules unaishia Januari 1870. Alikuwa anapoteza maneno na kumbukumbu. Aliaga dunia tarehe 20 Juni mwaka huo, akiwa na miaka 39. Edmond alikusudia kufunga daftari kabisa, kisha akaanza tena, kwanza aandike namna mdogo wake alivyokufa. Vikafuata kuzingirwa kwa Paris na Komuni, yaani uasi wa Paris wa 1871, na hakuacha tena mpaka siku zake za mwisho mwaka 1896. Kwa hiyo chini ya kichwa kimoja kuna vitabu viwili: miaka 18 ya watu wawili, na miaka 26 ya mtu mmoja anayezeeka, mwepesi wa kukwaruzika, anayehesabu nani amemsifu na nani amemwibia wazo.

Kosa la kwanza: kuchapisha akiwa hai

Mpango wa awali ulikuwa mzuri. Kitu chochote kisitoke mpaka miaka 20 baada ya kifo chake. Kisha, siku moja akiwa mapumzikoni kwa Daudet, alimsomea daftari moja. Daudet akapendezwa, akamsihi atoe vipande, akamshirikisha Francis Magnard wa gazeti la *Le Figaro*. Vipande vikatoka gazetini, halafu kikaja kitabu. Edmond mwenyewe alieleza hayo waziwazi katika dibaji ya juzuu ya kwanza, akasema anachotoa ni sehemu inayowezekana kutolewa wakati yeye na aliowaandika bado wako hai.

Juzuu 9 zilitoka kati ya 1887 na 1896. Tazama umbali kati ya tukio na uchapishaji, maana ndimo kisa kilimo. Juzuu ya kwanza, ya 1887, inahusu miaka ya 1851 hadi 1861. Hata tukio la karibu kabisa lina umri wa miaka 26. Juzuu ya nne, ya 1890, inahusu vita na Komuni, 1870 na 1871: umbali umepungua hadi miaka 19. Ya sita, 1892, inaishia 1884: miaka minane. Ya nane, 1895, inaishia 1891. Ya tisa, iliyotoka 1896, inafika mwaka 1895. Mtu aliweza kula chakula kwa Edmond mwaka jana na mwaka huu akajikuta kitabuni, baada ya kupitia gazetini kwanza, kwa kuwa *L'Écho de Paris* lilikuwa likitoa sehemu hizo kwa mfululizo.

Malalamiko yalianza mapema. Taine, mwanahistoria, baada ya kuona maneno ya mezani yakichapishwa, alimwandikia Edmond kumtaka asiyatoe tena mazungumzo yake. Yalikuwa ya faragha, kati ya marafiki. Hoja ya Taine ni nzito kuliko inavyopewa uzito. Mtu akizungumza mezani hujaribu mawazo, hutania, hupinga ili tu ubishi unoge. Ukiyaandika na kuyachapisha kama msimamo wake, maneno ni yaleyale lakini hadhi yake umeibadilisha.

Kesi ya Renan ndiyo iliyotikisa. Tarehe 6 Septemba 1870, siku nne baada ya jeshi la Ufaransa kushindwa Sedan, wenzao wa Magny walikutana kwenye mkahawa wa Brébant. Shajara inamwonyesha Ernest Renan akisema kwamba katika kila alichowahi kusoma na kuchunguza ameona akili na kazi ya Wajerumani iko juu ya ya Wafaransa, na wenzake wakimpinga kwa hasira. Mwaka 1870, mezani, ulikuwa ubishi wa wasomi waliofadhaika. Ulipochapishwa 1890 hali ilikuwa nyingine: Alsace na sehemu ya Lorraine zilikuwa mikononi mwa Wajerumani kwa karibu miaka 20, na Renan alikuwa msimamizi mkuu wa Collège de France. Maneno yaleyale yakasomeka kama usaliti.

Renan alijibu kupitia gazeti la kwao Bretagne, akamwita Edmond bwana asiyejua kutunza siri. Edmond akamjibu katika dibaji ya juzuu ya tano, 1891: lawama hiyo anaipokea, wala haoni aibu, kwa kuwa alichofichua si siri za chumbani bali mawazo ya watu wakubwa wa zama zake. Jibu zuri kwa juujuu. Haligusi swali lenyewe: je, kumbukumbu ya usiku mmoja, ya mtu mmoja asiyempenda sana mzungumzaji, ni ushahidi wa kutosha wa kumshtaki mtu mbele ya taifa? Renan hakuwa na njia ya kuthibitisha hakusema hivyo, na Edmond hakuwa na njia ya kuthibitisha alisema hivyo hasa.

Hatua kwa hatua Edmond alijua amebanwa. Katika dibaji ya mojawapo ya juzuu za mwisho aliandika kwamba ukweli kamili juu ya mtu una sehemu ya kupendeza na sehemu isiyopendeza. Ile ya kupendeza anaitoa sasa, nyingine itakuja miaka 20 baada ya kifo chake. Kwa kifasihi ni sentensi ya kukumbukwa. Kwa kisheria na kijamii ilikuwa tangazo la vita. Kila familia ya Paris iliyowahi kumkaribisha ikajua kuna sanduku mahali fulani, ndani yake yamo mabaya yao, na tarehe ya kufunguliwa inajulikana. Kama angenyamaza, madaftari yangefika 1916 yakiwa hayana adui. Aliyaundia maadui kwa miaka tisa mfululizo.

Alichokata

Kuchapisha nusu kuna hasara nyingine, isiyoonekana haraka. Juzuu 9 hazikuwa shajara iliyopunguzwa tu. Edmond alipokuwa akinakili aliondoa habari za kitandani na za magonjwa, alificha majina nyuma ya herufi za kwanza au nyota, alilainisha hukumu, aliunganisha maandishi ya siku mbalimbali, na hapa na pale akaongeza sentensi ambazo daftari halina. Wasomaji wa miaka 70 iliyofuata walizinukuu juzuu hizo kama sauti ya usiku uleule, kumbe nyingi zimepitia meza ya mzee wa miaka 65 na zaidi.

Kifo cha Jules kinaonyesha vizuri. Juzuu ya tatu, ya 1888, ilichapisha kurasa za ugonjwa wake, nao wakosoaji walimlaumu Edmond kwa kuuanika mwili wa ndugu yake anayekata roho. Lakini chanzo cha kifo hicho kwa umma kilielezwa namna moja tu: Jules ameuawa na kazi, hasa mateso ya kutafuta sentensi kamili. Edmond alikuwa amekwisha kumwandikia mwandishi Zola hivyo Julai 1870, na tafsiri hiyo ikawa kama hadithi takatifu ya familia. Ugonjwa wenyewe ulikuwa kupooza kunakotokana na kaswende iliyofika kwenye ubongo. Mtu aliyewaandika wengine bila huruma alijua kabisa pa kunyamaza jambo lilipofika nyumbani kwake. Hatumlaumu kwa kumstiri ndugu yake; tunalitaja kwa kuwa linatoa kipimo. Kama Edmond alihitaji kumstiri Jules miaka 18 baada ya kifo, alitarajiaje watoto wa Alphonse Daudet waone miaka 20 inatosha kwa baba yao?

Wosia: kilichokuwamo na kilichokosekana

Wasii walikuwa wawili, Alphonse Daudet na Léon Hennique. Mali iuzwe, fedha ziwekezwe, na mapato yalishe chama cha watu kumi: kila mmoja faranga 6,000 kwa mwaka, na zawadi ya faranga 5,000 kila mwaka kwa kitabu cha nathari. Jumla faranga 65,000 kwa mwaka. Mikusanyo ilipigwa mnada mwaka 1897, jamaa wa Edmond wakaupinga wosia mahakamani na wakashindwa, na chama kikatambuliwa na serikali mwezi Januari 1903. Desemba mwaka huohuo kikatoa tuzo ya kwanza, kwa John-Antoine Nau. Ndiyo tuzo ya Goncourt inayojulikana leo, iliyokwenda kwa Mohamed Mbougar Sarr wa Senegali mwaka 2021.

Sehemu hiyo ya wosia ilifaulu kwa sababu ilikuwa na vitu vinne: mtu wa kutenda, fedha, tarehe, na kitendo kinachoweza kukaguliwa. Mwaka ukipita bila tuzo kila mtu anaona. Kifungu cha madaftari kilikuwa na tarehe peke yake. Kilisema yataweza kuchapishwa. Hakikusema nani lazima ayachapishe, kwa gharama ya nani, kwa ukamilifu gani, na akikataa afanywe nini. Katika wosia wowote, maneno “itaruhusiwa” humpa mrithi hiari. Waliopewa hiari wakaitumia.

Halafu kuna suala la nani yumo ndani. Alphonse Daudet alikuwa rafiki wa karibu kuliko wote wa uzee wa Edmond, na kwa hiyo ndiye aliyeandikwa kwa wingi. Kaswende ilikuwa inamla uti wa mgongo. Maumivu yake, dawa zake, na siri za ujana alizomnong’oneza Edmond zimo daftarini. Hata sehemu zilizochapishwa 1895 zilileta kununiana katika jamaa ya Daudet, na hizo zilikuwa zimechujwa. Daudet alifariki Desemba 1897, mwaka mmoja na nusu tu baada ya Edmond. Nafasi yake chamani ikachukuliwa na mwanawe Léon, mwanasiasa na mwandishi mkali, aliyekaa humo mpaka kifo chake 1942. Mjane, Julia Daudet, aliishi hadi 1940. Kwa maneno mengine, chama kilichotakiwa kuamua juu ya kufungua madaftari kilikuwa na mtoto wa mhusika mkuu mezani, na mama yake yuko hai mjini humohumo.

Hatusemi Léon Daudet peke yake alizuia. Waliohusika walikuwa wengi, na wengine walikuwa na wajukuu wenye majina makubwa. Lakini mpangilio ulikuwa mbovu tangu mwanzo: mshitakiwa amekabidhiwa jalada la kesi.

1916 na baada yake

Tarehe ilipofika, majeshi yalikuwa Verdun tangu Februari, na mapigano ya Somme yalikuwa yameanza tarehe 1 Julai. Karatasi adimu, magazeti chini ya udhibiti wa serikali, na hakuna waziri aliyetaka kuona maneno kama yale ya Renan yakitoka upya wakati vijana wanakufa mbele ya Wajerumani. Kuahirisha mwaka huo kulikuwa sawa.

Kasoro ni kwamba uahirishaji haukuwekewa mwisho. Baada ya vita suala lilizunguka kati ya chama, wizara na Maktaba ya Taifa. Kila upande ulikuwa na sehemu ya jibu na hakuna aliyekuwa na jibu zima: maktaba ina karatasi lakini si mwenye haki, chama kina haki lakini kinaogopa, serikali haina haki wala karatasi lakini inaweza kusema subirini. Magazeti yalidai yafunguliwe. Madaftari yakakaa maktabani, msomaji wa kawaida asiyaone.

Hofu ya kushtakiwa haikuwa kisingizio kitupu. Sheria ya vyombo vya habari ya tarehe 29 Julai 1881 ndiyo iliyotawala. Kifungu cha 34 kinasema kumkashifu marehemu ni kosa pale tu mwandishi alipokusudia kuwavunjia heshima warithi walio hai. Hapo mchapishaji anapumua kidogo, kwa kuwa Edmond akiandika 1880 hakuwa akiwalenga wajukuu wa 1920. Lakini warithi walibaki na mlango wa pili: kudai fidia ya kawaida chini ya kifungu cha 1382 cha Sheria ya Madai ya wakati huo, ambacho hakikuhitaji kusudio, kilihitaji kosa na madhara tu. Na kwa aliyeandikwa akiwa bado hai, kinga ya kusema “ni kweli” haikusaidia katika mambo ya faragha; ukweli wenyewe haukuruhusiwa kuthibitishwa. Faraja moja ilikuwa muda: dai la kashfa hufa baada ya miezi mitatu tangu kuchapishwa. Hata hivyo kila toleo jipya huanzisha miezi mitatu mingine. Kwa kazi ya juzuu nyingi inayotoka kwa miaka kadhaa, chama kingekuwa kizimbani bila kupumzika, kikilipa mawakili kutoka mfuko uleule unaolisha watu kumi.

Kwa hiyo kikatafuta njia ya katikati. Mwaka 1935 na 1936 Flammarion na Fasquelle walitoa juzuu 9 zilizoitwa “toleo la mwisho”, chini ya usimamizi wa chama. Jina lilipotosha. Kimsingi ni maandishi yaleyale ambayo Edmond aliyachuja, yakiwa na nyongeza ndogo. Anayeokota seti hiyo kwa muuza vitabu vya zamani akidhani amepata shajara kamili, amepata ya 1887 iliyovikwa jalada jipya. Kosa hili bado linatokea, hata katika makala za watu wanaotakiwa kujua.

Lililofungua

Kilichobadilika ni watu, sheria ilikuwa ileile. Binti Mfalme Mathilde alifariki 1904. Edmée Daudet, binti wa Alphonse, ambaye Edmond alikuwa babake wa ubatizo, alifariki 1937, Julia 1940, Léon 1942, mdogo wake Lucien 1946. Baada ya hapo hakuna tena mtoto wa Alphonse aliyebaki. Miaka kumi baadaye juzuu ya kwanza ya maandishi kamili ikatoka. Ukitaka kujua miaka 20 ya Edmond ilipaswa kuwa mingapi, majina hayo na tarehe zake ndiyo hesabu: umri wa watoto wa watu walioandikwa. Sharti lililofungamanishwa na kifo cha mtoto wa mwisho wa mtu aliyetajwa, au miaka 60 bila nyongeza, lingetekelezwa bila mzozo. Edmond, aliyekuwa hana mtoto, pengine hakuliona hilo.

Kazi ilifanywa na Robert Ricatte, msomi wa fasihi, kwa idhini ya chama, akisoma madaftari yenyewe na kuyawekea tanbihi. Ilitoka Monaco kuanzia 1956 katika juzuu 22. Ugumu wake haukuwa kusoma mwandiko tu. Kila herufi ya kwanza ya jina ilipaswa kurudishiwa jina lake, kila nukuu kuwekwa kwenye siku yake halisi, na penye sentensi iliyomo katika toleo la 1887 lakini haimo daftarini, kuamua ioneshwe wapi. Ricatte alichukua daftari kuwa ndilo andiko la msingi, na nyongeza za Edmond akazishusha chini. Uamuzi huo ni sahihi kwa mtafutaji wa historia. Kwa mtafutaji wa fasihi una mjadala, maana Edmond wa 1887 naye ni mwandishi, na baadhi ya sentensi zake nzuri ni za huko.

Ukubwa wa bahati ya ndugu Goncourt unaonekana ukiwalinganisha na mwandishi Jules Renard, aliyechaguliwa katika chama hichohicho mwaka 1907. Alipofariki 1910 madaftari yake yalibaki kwa mkewe, si kwa maktaba. Shajara ilichapishwa kati ya 1925 na 1927, Henri Bachelin akiwa mhariri, ikiwa na kurasa ambazo mjane hakukubali zionekane zimeondolewa. Kisha mjane akayateketeza madaftari kwa moto. Hakuna mhariri wa kesho atakayezirudisha. Wosia wa Edmond ulikosea hesabu ya miaka na ukakosea kuchagua watekelezaji, lakini kwa maneno machache, “Maktaba ya Taifa”, ulihakikisha anayetaka kukata anaweza kuchelewesha tu, hawezi kufuta.

Toleo gani utumie

Juzuu 9 za 1887 hadi 1896 hazina hakimiliki tena na zinapatikana bure mtandaoni. Zinafaa kwa swali moja: watu wa wakati huo walisoma nini, na kwa nini walikasirika. Usizitumie kujua Edmond aliandika nini usiku ule.

Kwa matumizi ya kawaida, seti ya juzuu tatu ya Robert Laffont, 1989, ina maandishi ya Ricatte na faharasa ya majina: ya kwanza 1851 hadi 1865, ya pili 1866 hadi 1886, ya tatu 1887 hadi 1896. Kwa utafiti wa neno kwa neno kuna toleo la kitaalamu la Honoré Champion, chini ya Jean-Louis Cabanès, lililoanza 2005. Ni ghali na hutoka juzuu moja moja.

Unaponukuu, taja tarehe ya siku, siyo ukurasa peke yake, kwa kuwa kurasa za matoleo haya hazilingani hata kidogo. “6 Septemba 1870” itampeleka msomaji mezani kwa Brébant kwa toleo lolote alilonalo. Tahadhari moja: katika juzuu za Edmond tarehe zenyewe wakati mwingine zimesogezwa, kwa hiyo usipoiona siku uliyotumwa, angalia wiki iliyotangulia na inayofuata kabla ya kusema nukuu ni ya uongo. Na ukikuta sentensi nzuri mno kuhusu sanaa ya kuandika, iliyomo katika toleo la 1887 na haimo kwa Ricatte, iandike kwa jina la Edmond na mwaka 1887. Jules wakati huo alikuwa amekufa miaka 17.